Barua ya wazi kwa mpwa wangu anayewatembeza wageni Raskazone

Mpwa wangu,

Natumaini barua hii itakukuta mzima, wewe pamoja na mama yako, ambaye naomba umfikishie salamu zangu na umwambie kwamba zile tende zake zimekwisha. Ningeweza kukupigia simu, lakini ninayotaka kuyasema yanawahusu na vijana wengine wa Tanga wanaofanya kazi kama yako, ndiyo maana nimeamua kuyaandika hadharani bila kukutaja jina.

Jumamosi iliyopita nilikuwa nimekaa Raskazone chini ya mwembe, napunga upepo, ulipopita na wageni wako watano. Sikukuita, kwa kuwa nilitaka nikusikie kazini. Ukawaeleza kwamba mwaka 1914 Waingereza walikuja na jeshi kubwa kuiteka Tanga kutoka kwa Wajerumani, askari wao wa Kihindi wakavamiwa na nyuki, wakatimua mbio, na vita vikaisha. Wageni wakacheka, wakapiga picha, mkaenda kunywa madafu. Ulisimulia vizuri, sikufichi. Kilichonikera ni kwamba katika masimulizi yale sikumsikia mtu hata mmoja wa huku kwetu: nilisikia Wazungu wa pande mbili, Wahindi wa kuchekwa, na nyuki.

Sikuambii uwaache nyuki, maana walikuwako kweli. Tarehe 4 Novemba, siku ya mapigano makubwa, risasi ziliipiga mizinga iliyokuwa imetundikwa mitini kati ya ufuko na mji, na nyuki wakatoka kwa hasira. Lakini nyuki hawakuuliza nani kavaa sare ya nani. Kamanda wa Wajerumani, Paul von Lettow-Vorbeck, aliandika mwenyewe baadaye kwamba kikosi chake kimoja kilishindwa kutumia bombomu zake, zile bunduki za rashasha, kwa sababu ya nyuki hao hao. Upande wa pili wapo waliosadiki kwamba Wajerumani ndio waliowatega wale wadudu kwa nyaya, kwa vile ilikuwa afadhali kushindwa na hila ya Mzungu mwenzao kuliko kushindwa na ubishi wao wenyewe.

Na ubishi ulikuwepo. Jenerali Arthur Aitken wa Uingereza alikuja na watu wapatao 8,000, akakataa msaada wa King's African Rifles, yaani Waafrika waliokuwa wakiijua nchi hii, kwa kuamini kwamba kazi yenyewe ilikuwa ndogo. Tarehe 2 Novemba manowari Fox iliingia bandarini kwanza kudai mji usalimu amri, jambo lililompa adui wake muda wa kuleta askari kutoka Moshi kwa reli ya Usambara, reli ambayo ilikuwa imefika huko miaka michache tu kabla ya hapo. Jeshi likashushwa hapo Raskazone kuanzia usiku ule, watu wakiwa wamechoka baada ya majuma ya kubanana melini, na bila mpelelezi wa maana kutangulia kutazama mbele kuna nini. Lettow-Vorbeck alikuwa na watu wapatao 1,000 tu. Tarehe 5 wavamizi walipanda meli zao wakaenda, wakiacha ufukoni bombomu, mamia ya bunduki na risasi zisizopungua laki kadhaa. Sisi husema Tanga ni waja leo waondoka leo. Wale angalau walilala siku tatu.

Kuhusu hao Wahindi, naomba uwe na adabu kidogo mbele ya wageni. Walikuwamo vijana wa Kitamil wa kikosi cha Palamcottah, ambao ni kweli walivunjika moyo, lakini walikuwamo pia wanajeshi wa Kashmir walioingia mjini wakapigana mtaa kwa mtaa hadi karibu na forodha. Zaidi ya 350 wa upande wa Uingereza walikufa katika siku hizo, na makaburi ya vita ya mji wetu yanawahifadhi baadhi yao. Mtu aliyetoka Kashmir kufia Tanga kwa amri ya London hakuwa na ugomvi wowote na babu zetu, na sioni kinachochekesha.

Wala wale walioulinda mji hawakuwa Wajerumani kwa wingi. Walikuwa Wanyamwezi, Wasukuma, Wamanyema na Wasudani, askari wa bakora na mshahara, ambao baba zao baadhi walikuwa wamepigwa na bunduki za Mjerumani huyo huyo. Kwa upande wao walikufa Wajerumani wapatao 16 na askari Waafrika zaidi ya 50. Ukisema "Wajerumani walishinda", hao 50 na ushei unawaweka wapi?

Sasa niruhusu nikusimulie la nyumbani. Marehemu bibi yetu, aliyemzaa bibi yako, alikuwa msichana wa miaka tisa au kumi wakati ule. Alisema walikimbia na mikeka, sufuria moja na mbuzi mmoja kuelekea Pongwe, na kwamba kitu alichokikumbuka zaidi ya milio ilikuwa mama yake kurudi katikati ya njia kufuata kinu. Alipofika mwisho wa kisa alikuwa akisema, "Mizinga ndiyo iliyowarudisha wale." Nilipokuwa mdogo nilidhani anasema mizinga ya vita, ile inayobebwa na manowari, nikashangaa Wajerumani waliipata wapi mingi kiasi hicho. Nilikuwa kijana mkubwa nilipomwuliza, akacheka mpaka akakohoa. Mizinga ya asali, akasema. Akanieleza jinsi gogo linavyochimbwa ndani, ncha mbili zikazibwa kwa vibao, tundu dogo likaachwa la kupitia nyuki, ndani kukapakwa nta ili harufu iwavute, kisha gogo likapandishwa juu mtini kwa kamba na mtu asiyeogopa kuanguka. Lugha yetu imezipa silaha na gogo la asali jina moja, na siku ile Tanga vyote viwili vililia pamoja.

Ndipo nikaona kwamba mizinga ile haikuota mitini. Kuna mtu aliyeitundika, aliyejua mti upi nyuki wanaupenda na msimu gani wa kurina, na vita vya wakubwa vilipita katikati ya mali yake. Huyo ndiye sikumsikia kwako Jumamosi.

Wako wengine wengi wa namna yake. Baada ya Tanga vita viliendelea miaka minne, Waingereza wakarudi wakauchukua mji huu Julai 1916, na Lettow-Vorbeck hakusalimu amri hadi Novemba 1918, huko Abercorn, ambako siku hizi ni Mbala, Zambia. Muda wote huo nani aliyebeba vyakula na risasi? Wapagazi. Kwa upande wa Uingereza peke yake, waliokufa wanakadiriwa kuwa zaidi ya 90,000, wengi wao kwa kuhara, homa na njaa, si kwa risasi. Carrier Corps yao, yaani kikosi cha wapagazi, imebaki midomoni mwetu kama Kariakoo, tunakokwenda kununua nyanya. Pale Dar es Salaam, sanamu ya askari iliyozinduliwa mwaka 1927 inawataja wapagazi kuwa miguu na mikono ya jeshi, lakini miguu hiyo haikuandikiwa jina hata moja.

Kwa hiyo ukisimama tena pale, waambie wageni kwamba kisa hiki kina mwenye mizinga. Bibi alimjua. Alisema waliporudi kutoka Pongwe walimkuta chini ya miti yake akiyakusanya magogo yaliyotobolewa, akiyageuza moja moja kutazama lipi linazibika kwa nta na lipi ni la kuni, na kwamba mwaka ule hakurina asali.

Jumamosi ijayo nitakuwa pale pale chini ya mwembe. Safari hii nitakuita.

Mjomba wako,
Tanga