Barua ya wazi kwa mdogo wangu anayetafuta jina la mtoto

Mdogo wangu mpendwa,

Salamu nyingi kwako na kwa wifi, ambaye natumaini miguu yake imeanza kupungua uvimbe. Ujumbe wako wa juzi niliupata, pamoja na ile orodha ya majina arobaini uliyoiokota mtandaoni, kila moja likiwa na maana yake pembeni: nyota, malkia, shujaa, zawadi ya mbinguni. Uliniomba nikuchagulie matatu yenye maana nzuri zaidi. Nimeisoma orodha yote mara mbili na sikuchagua hata moja, na kwa kuwa sababu zangu ni ndefu kuliko ujumbe wa simu, na najua wapo wazazi wengine wanaohangaika kama wewe, nimeona nikuandikie hapa mbele za watu.

Nianze na Zuri, ulilolipigia mstari. Orodha inasema ni jina la kike la Kiswahili. Mimi na wewe tumekulia ndani ya Kiswahili, na sikumbuki kama tuliwahi kucheza na msichana wa jina hilo, kwa sababu kwetu gari ndilo zuri, jambo ndilo zuri, hata jina lenyewe laweza kuwa zuri, lakini mtoto ni mzuri. Sina ugomvi na Wamarekani weusi waliochukua maneno yetu wakayafanya majina. Imani na Nia ni miongoni mwa misingi saba ya Kwanzaa, sikukuu iliyoanzishwa mwaka 1966, na watu ambao mababu zao walinyang'anywa majina wana haki ya kujitwalia mengine wanakotaka. Wewe hujanyang'anywa kitu. Bibi yako yu hai, anakaa nyumba ya tatu kutoka kwako, na bado hujamuuliza.

Ungemuuliza, angekwambia kwamba swali la wazee halikuwa "jina hili lina maana gani?" bali "mtoto huyu amekuja lini, na amekuta nini?" Ndiyo maana upande wa mama, kule pwani, tuna kina Juma na Hamisi waliozaliwa Ijumaa na Alhamisi, kina Shabani na Ramadhani waliochukua jina la mwezi, Chausiku aliyekuja usiku, na Mosi, Pili na Tatu waliohesabiwa walivyofuatana. Upande wa baba, Usukumani, Mabula ni mtoto wa mvua, na mapacha hawatafutiwi jina kabisa, maana anayetangulia ni Kulwa na anayefuata ni Doto. Jina lako la nyumbani silitaji hapa, lakini Msukuma yeyote atakayesoma barua hii atalijua nikisema tu kwamba uliwafuata mapacha. Lilikuwa likikungoja kabla hujatungwa mimba.

Wala si sisi peke yetu. Waakani wa Ghana humpa mtoto jina la siku, na Kofi Annan aliitwa Kofi kwa sababu tarehe 8 Aprili 1938 ilikuwa Ijumaa. Jina lake la pili, Atta, lilieleza kwamba alizaliwa pacha. Waluo nao wana Otieno wa usiku na Okoth wa mvua, na akiwa msichana, O inageuka A, basi.

Lakini mfano ninaoupenda kuliko yote uko karibu zaidi. Mwalimu Nyerere alipozaliwa Butiama mwaka 1922, kwanza aliitwa Mugendi, yaani mtembeaji. Haukupita muda mrefu, kwa ushauri wa mganga, akaitwa Kambarage, jina la mzimu wa mvua. Julius lilikuja baadaye sana, alipobatizwa mwaka 1943, akiwa kijana mkubwa. Na hilo Nyerere tunalolitamka kwa heshima katika kila hotuba lilikuwa la baba yake, aliyezaliwa wakati nchi yao imevamiwa na viwavi, akaitwa hivyo kwa Kizanaki. Sasa fikiria orodha yako ingemwandikaje: Nyerere, jina la kiume, maana yake kiwavi. Wewe ungelivuka bila hata kulitazama mara mbili.

Ukiniuliza, hapo ndipo orodha hizi zinapokosea. Zinakupa maana ya neno na kukuachia mtoto asiye na habari yoyote. Maana mbaya nayo si hukumu ya maisha. Yule mwimbaji mkubwa wa taarabu wa Unguja, Siti binti Saad, hapo mwanzo aliitwa Mtumwa. Siti, yaani bibi wa heshima, alilipata ukubwani, na sauti yake ndiyo iliyomstahilisha.

Najua utasema ni rahisi kwangu kusema. Si rahisi, na wewe ni shahidi. Mama alishikwa na uchungu siku mbili, gari lililoahidiwa halikufika, akapakiwa nyuma ya baiskeli huku mvua ikinyesha, na nilipotoka hai Bibi akasema, "Huyu ni Tabu," akaingia jikoni kupika uji. Nililichukia jina hilo utoto wangu wote. Nilipofika darasa la saba, karani mmoja aliyekuwa akijaza fomu zetu alinitazama kwa huruma, akaandika Tabitha, akidhani ananisitiri. Wasomaji wa Biblia wanajua kwamba Tabitha maana yake ni paa, na kwa kweli paa ni mnyama mzuri wa macho na miguu. Ila cheti changu cha kuzaliwa kilikuwa na Tabu, cha shule kikawa na paa, na nikiwa na miaka ishirini na sita ikabidi nile kiapo kwa wakili, kwa fedha yangu, kwamba Tabu na Tabitha ni mtu mmoja. Wakili aliniuliza kama napenda kulifuta lile la kwanza. Nikamwona mama yangu juu ya baiskeli, nikakataa.

Sisemi kwamba kila desturi ifuatwe. Yale majina ya mafumbo, ambayo mama humpa mtoto ili jirani au mke mwenza apate ujumbe kila mtoto anapoitwa kuja kula, mimi siyapendi, kwa kuwa ugomvi huisha na mtoto akabaki nao.

Pia usimsahau mama mkwe wako. Wifi ana asili ya Burundi, na huko, kwa desturi, kila mtoto hupewa jina lake mwenyewe, kiasi kwamba ndugu wa tumbo moja huweza kuwa na majina yasiyofanana hata kidogo. Mengi humtaja Mungu au humshukuru: Ndayishimiye ni "namshukuru", na Nkurunziza ni habari njema. Inawezekana yule mama analo lake moyoni na anangoja aulizwe.

Nipigie simu mtoto akizaliwa, hata iwe alfajiri. Uniambie saa, kama mvua ilinyesha, nani alikuwapo mlangoni. Bibi ameshatangaza kwamba akiwa wa kike na akaja usiku ni Chausiku, na hakuomba maoni ya mtu. Lolote mtakaloafikiana, liandike mwenyewe kwa herufi kubwa kwenye karatasi, umkabidhi muuguzi anayejaza tangazo la kizazi, na usiondoke hapo mpaka umelisoma herufi kwa herufi.

Dada yako,
Tabu
(ofisini, Tabitha)