RISALA YA KLABU YA KATUNI KWA MGENI RASMI, SIKU YA SANAA SHULENI, MBAGALA, DAR ES SALAAM

Mheshimiwa Mgeni Rasmi,
Mkuu wa Shule,
Mwenyekiti na wajumbe wa Bodi ya Shule,
Walimu, wazazi na walezi wetu,
Wanafunzi wenzetu,
Itifaki imezingatiwa.

Awali ya yote tunamshukuru Mwenyezi Mungu kwa kutukutanisha tukiwa salama. Tunakushukuru na wewe, Mheshimiwa, kwa kuitikia wito wa klabu ndogo yenye wanachama 23. Foleni ya asubuhi ya kuja Mbagala tunaijua, na kufika kwako kabla ya saa tatu tumekupokea kwa heshima kubwa.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, kila klabu hapa shuleni ina mtu inayemtazama. Wenzetu wa riadha wanaye Filbert Bayi. Sisi wa katuni tunaye Moustapha Alassane wa Niger, na tunaomba dakika chache tumweleze, kwa sababu wengi katika ukumbi huu hawajawahi kulisikia jina lake, na jambo hilo linatuuma.

Alassane alizaliwa mwaka 1942. Alisomea umakenika. Uchoraji alijifundisha mwenyewe, na kabla hajashika kamera alikuwa akichora picha kwenye karatasi angavu, anaziwekea taa kwa nyuma, zinatokea ukutani, watu wanakaa chini kutazama. Sinema yake ya kwanza ilikuwa hiyo. Baadaye akiwa Niamey, kwenye makumbusho, alikutana na Jean Rouch, mtengeneza filamu kutoka Ufaransa, akaonyeshwa kazi ya kamera. Kisha alikwenda Canada, na huko akajifunza kwa Norman McLaren, fundi aliyekuwa akichora moja kwa moja juu ya mkanda wa filamu. Tunaomba watu hawa wawili, Rouch na McLaren, wakumbukwe, kwa kuwa ombi letu la leo limesimama juu yao.

Mwaka 1965 Alassane alitoa katuni yake La Mort du Gandji, na mwaka 1966 ikapata tuzo Dakar, kwenye Tamasha la Kwanza la Dunia la Sanaa za Watu Weusi. Niger ilikuwa haijatimiza hata miaka sita ya uhuru. Mwaka huohuo wa 1966 akatoa nyingine, Bon voyage Sim. Sim ni rais wa jamhuri ya vyura. Anaalikwa ziara nchi jirani, anapigiwa saluti, anapungia mkono, na akirudi nyumbani anakuta kiti si chake tena. Ni katuni fupi, nyeusi na nyeupe, na watu waliicheka sana. Lakini tukumbuke kwamba Februari ya mwaka ule Kwame Nkrumah alipinduliwa Ghana akiwa safarini Asia. Watazamaji wa Afrika hawakuhitaji kuelezwa chura yule anazungumzia nini.

Vyura hawakumtoka maisha yake yote. Mwaka 2001, miaka 35 baada ya Sim, alitoa Kokoa, na humo vyura wako ulingoni wanapigana mieleka na wanyama wenzao mbele ya mashabiki. Alifariki Machi 2015. Wanaoandika historia ya filamu humwita baba wa katuni za Afrika, na sisi tunakubaliana nao.

Mheshimiwa, wapo wanaosema katuni ni mambo ya watoto na ya kupoteza muda. Mwenzetu mmoja alishawahi kunyang'anywa daftari lake lote la michoro, na halikurudi. Hatusemi hilo kwa kulaumu. Tunalisema kwa sababu daftari lile lilikuwa kazi ya likizo nzima. Wazee wetu walimcheka Chakubanga, mhusika wa katuni kwenye gazeti la Uhuru, na kicheko kile kilibeba mengi ambayo hotuba haibebi. Tofauti ya Chakubanga na katuni inayotembea ni kwamba hii ya kutembea kicheko chake lazima ukihesabu.

Tunaomba tueleze tunavyokihesabu. Filamu inapita fremu 24, yaani picha moja moja 24, kila sekunde. Mchoro mmoja ukiupa fremu mbili, unahitaji michoro 12 kwa sekunde moja. Katuni ya dakika tano ni michoro 3,600. Ya kwetu, ambayo utaiona leo, ni ya sekunde 40, maana yake michoro 480, na imetuchukua miezi minne ya Jumamosi.

Mhusika wetu ni chura wa Kihansi. Tulimchagua kwa sababu ni wetu na kwa sababu safari yake ni ya kweli. Ni chura mdogo sana, hatagi mayai bali anazaa, na duniani kote makazi yake ya asili yalikuwa korongo moja tu, Kihansi, kwenye milima ya Udzungwa, penye manyunyu ya maporomoko. Manyunyu yalipopungua, mwishoni mwa mwaka 2000 vyura 499 walipelekwa Marekani wakatunzwe. Mwaka 2009 ilitangazwa kwamba porini ametoweka. Mwaka 2010 vyura 100 walirudishwa kwa ndege hadi hapa Dar es Salaam, wakawekwa Chuo Kikuu, na mwaka 2012 wa kwanza wakarudishwa Kihansi. Sisi tulijiuliza swali moja: chura aliyezaliwa Marekani akishuka uwanja wa ndege, anafikaje Chuo Kikuu? Tukampandisha daladala.

Tulipoanza hatukuwa na meza ya taa. Tulichukua ndoo ya plastiki, tukaweka ndani taa ya kuchaji, juu tukalaza kipande cha kioo cha dirisha kilichosuguliwa kingo. Karatasi tulizitoboa kwa panchi na kuzichomeka kwenye misumari miwili iliyokatwa vichwa, ili chura asicheze kutoka mchoro hadi mchoro. Picha tulipiga kwa simu ya mwalimu mlezi, imefungwa kwa kamba kwenye stuli iliyopinduliwa.

Ipo sehemu konda anamwangalia chura na kusema, "Sogea nyuma, nyuma kuna nafasi." Nyuma hakuna nafasi. Mara ya kwanza tulimfanya chura aruke papo hapo hadi kwenye bega la abiria. Tuliwaonyesha wadogo zetu wa kidato cha kwanza. Kimya. Tukakaa nayo wiki mbili. Mwisho tukamwacha chura atulie tu, mchoro mmoja umesimama kwa nafasi ya michoro tisa, yaani robo tatu ya sekunde, kisha akapepesa jicho moja, michoro mitatu, ndipo akaruka. Tukawaonyesha wale wale. Walicheka mpaka mwalimu wa zamu akaja kuuliza kuna nini. Hakuna hata neno moja lililobadilishwa. Siku ile tulielewa Alassane alikuwa anafanya kazi gani, na tulielewa kwamba inafundishika.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, changamoto zetu hazikosekani. Tuna simu moja ya kazi, nayo ni ya mwalimu. Chumba tunachotumia kinafungwa saa kumi. Umeme ukikatika taa ya ndoo hudumu kama saa moja na nusu. Lakini tumekubaliana kwenye mkutano wetu kwamba leo vifaa visitangulie.

Ombi letu la kwanza ni mtu. Makenika wa Niger alikuwa na taa yake na karatasi zake, na angeweza kubaki nazo hadi uzeeni. Alifika Dakar kwa sababu mtu alimfungulia mlango, na fundi mwingine akakaa naye akamwonyesha mkono unavyokwenda. Katika jiji hili hili wapo mafundi wa katuni. Ubongo Kids inatengenezwa hapa Dar es Salaam, na watoto wa nchi nyingine za Afrika wanaitazama. Sisi tuko Mbagala na hatujawahi kumwona hata mmoja wao akifanya kazi. Tunakuomba, kwa nafasi yako, utuandikie barua ya kututambulisha ili tuombe kutembelea studio, na ikiwezekana fundi mmoja aje kwetu Jumamosi mbili kwa mwezi. Nauli yake tumeanza kuchanga.

Ombi la pili ni kompyuta moja, hata iliyotumika.

Ombi la tatu tunalielekeza kwa Mkuu wa Shule mbele yako: chumba kifunguliwe hadi saa kumi na mbili siku za Jumamosi. Funguo tutazitunza, na usafi tutafanya wenyewe.

Tunamshukuru mwalimu mlezi wetu, ambaye kwa miezi minne hakupokea simu Jumamosi kwa sababu ilikuwa imefungwa kwenye stuli. Tunawashukuru wazazi waliotoa karatasi na penseli.

Mheshimiwa, sasa tunaomba uhamie kiti cha mbele upande wa kulia, mapazia yashushwe, ili uzione sekunde zetu 40. Tutaionyesha mara mbili, kwa sababu mara ya kwanza watu huwa wanamwangalia konda.

Tunaomba kuwasilisha.

Wanachama wa Klabu ya Katuni