Barua ya wazi kwa Jaji Mkuu: dhamana moja, vijana wawili

Mheshimiwa Jaji Mkuu,

Salamu kutoka Majengo, Mombasa. Nakuandikia juu ya dhamana, jambo ambalo wakubwa hulipita mbio kwa kuwa halijawahi kuwalaza rumande.

Vijana wawili wa mtaa wetu walishtakiwa pamoja kwa wizi wa simu. Hakimu mmoja, sharti moja: bondi ya laki mbili na mdhamini wa kiasi hicho, au elfu hamsini taslimu. Mmoja babake ana duka Marikiti. Alilala kwao usiku ule ule. Wa pili mamake anauza mahamri na mbaazi. Akapakiwa gari la magereza hadi Shimo la Tewa. Hakimu hakumpendelea mtu, na hilo ndilo linalonisumbua.

Mama huyo ana nyumba, tena ya vyumba sita. Lakini hapa Majengo, kama Likoni na Kisauni, wengi tuna nyumba bila ardhi: kuta zangu, kiwanja cha mwingine, na kila mwezi nampelekea kodi yake. Hati miliki anayo yeye. Ukienda kumdhamini mwanao unaulizwa hati, na risiti za kodi ya kiwanja, hata zikiwa za tangu enzi za babu, hazitazamwi.

Kifungu cha 49 cha Katiba ya 2010 kinataka masharti ya dhamana yawe ya kadiri. Kadiri ya nani? Najua si rahisi. Hakimu akimpunguzia maskini, mwenzake atauliza kwani kosa letu si moja. Na aliyeibiwa naye ana haki yake. Akimwona mshtakiwa mtaani ataamini kesi imeuzwa (wengi bado hudhani dhamana ni faini). Wako pia wanaotoroka na wanaotisha mashahidi, hao wazuiwe.

Ila dhamana ni ya kumrudisha mshtakiwa kortini, na huyu wa mbaazi angerudishwa na mamake na mtaa mzima unaomjua.

Afisa wa probesheni anaweza kutumwa nyumbani kwa mshtakiwa akaandika ripoti. Naomba hakimu aisome kabla hajataja kiasi, isingoje mtu asote wiki kadhaa ndipo aombe kupunguziwa. Na utoe mwongozo kwamba mwenye nyumba bila ardhi, akitambuliwa na mzee wa mtaa, anaweza kumdhamini mtu kwa nyumba hiyo.

Wako,
Mkaazi wa Majengo