Taarifa ya Mwenyekiti: Mwaka wa Filamu za Wasami

Ndugu wanachama,

Nianze na lile mnalonung'unikia pembeni: kwa nini chama cha wazungumzaji wa Kiswahili hapa Tromsø, kaskazini mwa Norwe, kimemaliza karibu fungu lote la burudani kwenye filamu za Wasami, wenyeji wa asili wa huku kaskazini, bendi ya dansi isiitwe. Uamuzi ulikuwa wa kamati, nami niliupigia debe. Tunaishi kwenye ardhi ya watu hawa, na wengi wetu tulikuwa tukiwajua kwa nguo zao za rangi kila tarehe 6 Februari, sikukuu yao ya taifa, basi.

Tulifungua na Ofelaš ya Nils Gaup, ya mwaka 1987, filamu ndefu ya kwanza kwa Kisami, iliyofika hadi kuwania Oscar. Vijana walifurahia mishale na theluji. Iliyotukaba koo ni Sameblod ya Amanda Kernell, ya 2016. Ni Uswidi, miaka ya 1930. Msichana Msami wa shule ya bweni anapimwa kichwa, anavuliwa nguo apigwe picha, wavulana wakichungulia dirishani. Baadaye wavulana wanamkamata na kumkata sikio kwa kisu, vile wafugaji wanavyowatia alama kulungu wao wa kaskazini. Bibi yetu mmoja wa Kivu, ambaye mjukuu wake alikuwa akimtafsiria kwa kunong'ona, alishika sikio lake na hakuliachia hadi taa zikawashwa.

Waigizaji wawili wa Sameblod, dada na mdogo wake, ni ndugu wa damu kutoka familia ya wafugaji, na Kisami cha Kusini ni lugha ya kwao. Waisemao ni mamia tu. Kamusi itawatunzia maneno, lakini dada anavyomfokea mdogo wake kwa lugha hiyo utavisikia wapi?

Mwezi wa kumi na moja ukumbi tulioulipia ulikuwa umekodishwa kwa watu wengine pia, tukahamia sebuleni kwa mhazini. Hapo tuliona Je'vida ya Katja Gauriloff, ya 2023, filamu ndefu ya kwanza kwa Kisami cha Skolt. Wazungumzaji wake ni kama 300. Harusi moja ya Kiswahili inawameza wote. Chai ilimwagika kwenye zulia, chama kimelipa.

Haya hayaji bure. Wasami wana taasisi yao ya filamu Kautokeino tangu 2007, inayowapa watengenezaji wao fedha. Hata Disney walipotaka kutumia utamaduni wao katika filamu ya katuni Frozen 2, walikaa nao mezani, wakatiana saini, na mwaka 2019 filamu ikatoka kwa Kisami cha Kaskazini pia. Watoto wetu wanaiimba kwa Kinorwe; Kisami hawakuwa na habari nacho.

Kwa mwaka ujao kamati inaomba ruhusa yenu kununua maikrofoni mbili, nasi tuwarekodi wazee wetu wakizungumza, kabla ya Pasaka. Bibi wa Kivu amekubali, kwa sharti asipigwe picha akiwa na koti la baridi.

Wenye deni la ada ya mwaka jana, mhazini yuko mlangoni.