Shukrani kutoka kwa familia ya Babu Saa, Makunduchi

Assalamu alaykum ndugu, jamaa, majirani na marafiki wa karibu na mbali.

Sisi watoto na wajukuu wa marehemu mzee wetu, ambae wengi mlimzowea kwa jina la Babu Saa, tunasema asanteni sana tena sana kwa kutusitiri kwenye msiba huu. Babu alifariki alfajiri na baada ya sala ya adhuhuri tushamzika, na kwa muda mfupi ule watu mlivyojaa hata wenyewe tulishangaa. Imamu, sheha, watoto wa madrasa, madereva wa daladala mlobeba watu kutoka mjini bila nauli, Mungu awalipe. Vijana wa kuchimba kaburi ndo hatujui tuwaambie nini, ardhi yetu ya huku mnaijua mawe matupu, wameshika sululu tangu saa 12 na nusu asubuhi na chai hawajanywa.

Halafu kina mama wa mwani. Siku ile ilikuwa bamvua, mwezi 15, maji yanakupwa mpaka kule mbali na saa 4 asubuhi ndo wakati wenyewe wa kazi, na siku kama hizo kwa mwezi ni za kuhesabu. Mmeacha kamba zenu na vigingi mmekuja na kanga bado zina chumvi. Mmoja wenu alimwambia mama yetu, "mzee ndo alokuwa akitutajia siku, leo tumwache aende peke yake?" Mama kila akilikumbuka neno hilo analia upya.

Tumeona watu wengi wanaandika kuwa babu alikuwa mchawi wa wakati, eti akijua na siku yake ya kufa. Jamani hapana. Babu alikuwa mtu wa falaki, yani elimu ya nyota na majira, mtu wa hesabu. Ukutani kwake hakukuwa na kalenda, mwaka alikuwa nao kichwani, anaanza na Nairuzi, mwaka mpya wetu wa jadi, siku ya Mwaka Kogwa, anahesabu siku kumi kumi, kila kumi ni mwongo, miongo 36 na siku 5 za juu, zinatimia 365 basi. Sisi wadogo tukimsikia anawaambia wavuvi "leo mwongo wa mia" tukidhani kuna mtu anatukanwa. Na akikasirika sana watu wakitaka mwaka ukae tarehe ileile ya Julai siku zote, mana mwaka wake hauna 29 Februari kwahiyo kila miaka 4 unarudi nyuma siku moja, anasema mwaka unatembea nyie mnataka kuufunga kamba kama mbuzi. Kilimia, lile kundi la nyota, kikizama alikuwa anakaa nje anaangalia kama kimezama na mvua au na jua, ndo anawaambia wakulima. Malipo yake kahawa na kashata mbili. Walomwendea kuaguliwa au kupigiwa ramli aliwarudisha, na kuhusu kifo alikuwa akisema hicho hakina falaki.

Saa yake ya mkono wengi mnaikumbuka, ile ya kutia ufunguo. Kila magharibi jua likizama tu anairudisha saa 12 kamili, mtindo wa zamani, kwahiyo siku zote ilipishana na saa zenu kwa dakika kadhaa na yeye akisema zenu ndo mbovu. Sasa hivi anaifanya kazi hiyo mjukuu wake wa miaka 9, hakuna alomtuma, tulimkuta tu siku ya pili ya matanga amesimama uani na saa mkononi anangoja jua.

Tunaomba radhi pia kwa lile la hitma. Tangazo tuliandika sisi wenyewe "usiku wa Ijumaa", wazee wakaja Alhamisi baada ya magharibi kama inavyotakiwa, mana siku yetu inaanza jua likizama, vijana na jamaa wa mjini wakaja Ijumaa usiku wakakuta mabusati yamekunjwa na masufuria yameoshwa. Ikabidi tupike pilau mara ya pili na kisomo kisomwe tena. Na nyie wa Muscat mlokuwa mnapiga video ile Ijumaa mnauliza mbona kimya, ndo hivyo. Msiba wa mtu alofundisha saa umri wake wote halafu watu wanapotezana siku, babu angecheka mpaka akakohowa.

Jambo jengine, vitabu vyake. Alikuwa anaazima mtu yeyote na haandiki popote. Alorudisha daftari la miongo na kuliacha barazani bila kusema, tumelipata, asante, haturudi nyuma kuuliza lilikaa wapi. Ambae bado ana lolote, hasa yale yaloandikwa kwa herufi za kiarabu, tunaomba alilete kwa ami mkubwa, tutalitoa kopi na yeye tutampa kopi yake. Hatumtafuti mwizi.

Hatuwezi kumtaja kila mtu, mliochangia mchele, ng'ombe, fedha, mliolala na mama siku zote tatu, mliopiga simu tu mkanyamaza kwa sababu maneno hayatoki, tumewaona wote.

Arobaini itasomwa hapahapa nyumbani usiku wa Ijumaa. Yani ALHAMISI, baada ya magharibi. Alhamisi jamani, pilau tunapika mara moja tu.