Kamera iingie hadi jikoni

Mhariri,

Naomba nafasi niseme jambo lililonikaa moyoni. Juzi binti yangu alinionyesha kwenye simu makala ya Chef's Table, kipindi cha Netflix kuhusu wapishi, iliyotoka mwaka 2019, inayomhusu Asma Khan, mwenye mkahawa wa Darjeeling Express jijini London. Niliitazama mara mbili.

Mama huyu ni mzaliwa wa Kolkata, India, mtoto wa pili wa kike katika jamii ambayo mtoto wa namna hiyo mara nyingi hapokelewi kwa vigelegele. Alipomfuata mumewe Uingereza hata kupika hakujua. Alisomea sheria hadi shahada ya uzamivu, kisha akaanza kuwapikia watu nyumbani kwake, akisaidiwa na wanawake wenzake, wengine wao mayaya. Alipofungua mkahawa mwaka 2017 akawachukua hao hao, ambao chuo cha upishi hawakukijua. Na kamera ilipomfuata yeye, nao wakaonekana.

Mimi ni mpishi wa shughuli hapa Tanga. Biriani ya kwao chungu huzibwa kwa unga uliokandwa ili mvuke usitoke; sisi rosti tunaipika mbali, wali tunaupalia moto juu. Moshi machoni ni ule ule.

Miaka ya nyuma nilikuwa nimeajiriwa kwenye mkahawa mmoja, wakaja watu wa televisheni. Sisi wapishi tuliambiwa tupishe ili picha zitoke vizuri. Tajiri akashika mwiko wangu, akaieleza biriani kwa maneno niliyomfundisha mwenyewe usiku wa kuamkia siku hiyo. Mimi nilikuwa uani nasugua masufuria, namsikia. Iliniuma, na bado inaniuma.

Nawaomba watengenezaji wa vipindi vya mapishi: mwenye mkahawa mhojini, ni haki yake, mtaji ni wake. Lakini muulizeni pia ni nani aliyeamka saa tisa usiku kukata vitunguu. Mfuateni huyo, jina lake liandikwe kwenye skrini, naye aeleze kwa mdomo wake.

Bibi aliyenifundisha kupalia wali yupo hai, Ngamiani. Kusimama motoni hawezi tena, ila vipimo vyote anavyo kichwani, na anapenda kuulizwa. Mwenye kamera aje, nitampeleka mwenyewe.

Mpishi wa shughuli,
Tanga