Barua ya wazi: Filamu zetu zionyeshwe Malindi

Mheshimiwa afisa wa utamaduni,

Salaam aleikum. Nakuandikia kwa heshima, lakini subira imenishinda tangu Ijumaa iliyopita, askari walipoizima projekta yetu hapa Shela, kina mama wamekaa mikekani, wakaibeba pamoja na waya zake.

Walidai kibali. Nahisi kuna mtu aliyepeleka maneno kuwa tunaonyesha picha chafu, maana filamu zenyewe ni fupi, za majaribio, hazina hadithi ya mwanzo na mwisho, na tumezitengeneza na vijana wa Kiitaliano. Laiti ungalikuja kutazama. Iliyokatizwa ni ya dakika sita. Kamera imetulia kwenye nguzo ya Vasco da Gama tangu jua kuchomoza hadi kuchwa. Watalii wanapita, watoto wanapita, huku mvuvi mzee akisimulia jinsi mfalme wa Malindi, mwaka 1498, alivyompa yule Mreno rubani wa kumfikisha India. Kisha msichana wa Kiitaliano anauliza, kwa Kiswahili cha kubabaisha, huyo rubani nguzo yake iko wapi. Uchafu uko wapi hapo?

Ulisimama mbele ya wazee wetu, Mheshimiwa, ukaahidi kwamba filamu hizi zitaonekana Malindi kabla ya kwingine kokote. Leo zimeshaonyeshwa Italia. Mzee aliyetupa sauti yake hajaziona, na macho yake yanazidi kufifia. Miaka yote wageni wakija na kamera, sisi ni wa kupigwa picha tu. Safari hii tuliishika pamoja nao, na bado watu wetu ndio wanaonyimwa kuona.

Ofisini kwako tuliambiwa sinema ni mambo ya Nairobi. Kuainisha filamu kweli ni kazi ya Nairobi, na hilo tutalifuata. Lakini Katiba ya 2010, Jedwali la Nne, imezitaja sinema na maonyesho ya video kati ya kazi za kaunti. Ukumbi tumwombe nani basi?

Projekta hiyo naipeleka harusini, ndiyo inayolisha nyumba yangu, na mkopo wa chama sijamaliza kuulipa. Juzi nimemrudishia bwana harusi arubuni yake.

Naomba projekta irudi, na tupewe ukumbi usiku mmoja. Ukikosekana, tupe ukuta. Ukuta tu, Mheshimiwa, kwa karatasi yenye muhuri wako, askari wasitufukuze tena.

Wako,
Mpiga picha wa Shela, Malindi